Kisanduku cha ukutani kilivyomtia Fundi Mashoto mashakani

Saa tatu asubuhi, Fundi Mashoto amesimama mbele ya mlango wa ghorofa ya tatu, viatu mkononi, na haingii. Mlango uko wazi. Mwenye nyumba amekwisha kumkaribisha. Yeye anatikisa kichwa.

"Naomba kwanza watu wote wa nyumba wakae sebuleni," anasema. "Nikianza kufungua, kila mtu awe anaiona mikono yangu."

"Mbona unatutisha, fundi? Umekuja kutengeneza intaneti au kutegua bomu?"

Anayeuliza ndiye mwenye nyumba, mwanamume mnene wa sauti nzito, ambaye wakazi wenzake wamemchagua kuwa mwenyekiti wa jengo. Anacheka, lakini kicheko kinaishia mdomoni.

Nyuma ya Mashoto, Msimamizi wake kutoka kampuni ya intaneti ameegemea ukuta wa ngazi akisikiliza. Amekuja kuamua jambo moja. Nyumba kadhaa za jengo hili zimekuwa zikilalamika kwamba intaneti inakufa, inafufuka, inakufa tena, na Mwenyekiti ameieleza kampuni kwamba fundi ndiye anayeiharibu makusudi ili aitwe tena. Msimamizi akiridhika kwamba ni kweli, leo hii atamvua Mashoto kadi ya kazi inayoning'inia shingoni mwake.

"Bila kadi hii hakuna mlinzi atakayenifungulia geti," anasema Mashoto kwa sauti ya chini akiigusa. "Unga umemwagika. Tena si hapa tu, mtaa mzima."

Ni mtu mrefu, wa miaka arobaini na kitu, mabega yamepinda mbele kwa kuinamia kuta za watu. Jina la Mashoto alipewa na mafundi wenzake kwa sababu kila kitu hukifanya kwa mkono wa kushoto, na wakazi wakalidaka. Wapo wasiojua kwamba ana jina lingine.

Kisanduku kinachogombewa kiko nyuma ya kochi, juu kidogo ya sakafu. Ni cheupe, cha plastiki, ukubwa wa kiganja. Hakina taa wala kitufe. Katika nyumba nyingi watu hukitazama siku kinapofungwa, kisha wanakisahau mpaka siku ya kupaka rangi.

Katika nyumba hii hakijasahauliwa. Kimefunikwa kwa kitambaa cha kufuma kilichokunjwa mara nyingi, na juu ya kitambaa umekandamizwa mto.

"Nani amekifunika?" anauliza Msimamizi.

Kwenye kochi, Bibi, mama mzazi wa Mwenyekiti, anatazama dirishani kana kwamba swali limeulizwa nyumba ya jirani. Mke wa Mwenyekiti amesimama kwenye mlango wa jikoni na taulo la vyombo begani. Hamtazami Bibi, na Bibi hamtazami.

Mashoto aliingia katika kazi hii akibeba vifaa vya kaka yake. Kaka ndiye aliyekuwa fundi hasa, mtu wa kupanda nguzo na kuvuta nyaya kutoka barabara moja hadi nyingine. Alifariki miezi michache iliyopita. Hakuanguka nguzoni, alifariki kitandani kwa homa ya siku chache, na Mashoto hulirudia hilo kila anapomtaja, kama vile anaona hutamwamini.

"Alinifundisha mambo mawili kabla hajanipa bisibisi," anakumbuka. "La kwanza, usichungulie ncha ya uzi hata siku moja, maana mwanga wake huuoni lakini jicho linaumia. La pili, usiingie nyumba ya mtu kabla hajaiona miguu yako."

Uzi anaouzungumzia ndio faiba. Ni kioo, kilichovutwa kikawa chembamba kama unywele, na mwanga unaopita ndani yake ndio unaobeba picha na sauti za watu. Kutoka nguzoni unakuja umevaa ganda nene jeusi, kwa ajili ya jua na mvua.

"Ukifika ndani ya nyumba hauwezi kukaa umevaa hivyo," anaeleza. "Kisanduku ni pale mlangoni ambapo mgeni anavua koti. Ganda linaishia hapo. Uzi mtupu unaungwa na kipande kifupi chenye kichwa cha kijani, na kichwa hicho ndicho kinachopokea waya mwembamba wa kwenda kwenye ruta. Basi. Hakuna umeme humo, hakuna betri. Ukikiweka sikioni ni kimya kama kiatu."

Kuunga hakumsumbui sana. Husafisha ncha kwa spiriti na karatasi laini, hukata kioo kwa kisu chake maalumu, na akikosea hurudia. Kinachomtoa jasho ni kuulaza. Katika kila kisanduku fundi huacha uzi wa ziada, ili siku ukikatika kuwe na wa kuungia tena, na uzi huo lazima uzungushwe kwa duara pana, lisilopungua mdomo wa kikombe cha chai.

"Ukiubana, mwanga unatokea kwenye kona badala ya kufika mwisho. Uzi haujakatika, kila kitu kinaonekana kizima, lakini intaneti inakohoa. Huo ndio ugonjwa mbaya, kwa sababu mwenye nyumba anaona fundi anamdanganya."

Kuonwa mdanganyifu si jambo geni kwake. Amezoea waume wanaopiga simu kila baada ya dakika chache wakati anatoboa ukuta. "Nasikia kabisa, 'Bado yupo? Anatoboa nini muda wote huo?'" Anamkumbuka mama mmoja aliyemfuata chumba hadi chumba na ufagio, asije akaondoka na vumbi lao. Mwingine alihesabu vijiko mbele yake, akamwambia, "Sikushuku, baba, ni desturi yangu tu ya mchana."

Lakini jengo hili lilimshuku kwa namna nyingine. Kwanza walimwita kulalamika kwamba intaneti imelegea. Akarekebisha, ikalegea tena. Halafu watu wakaanza kunyamaza akiingia. Akipita ngazini, mazungumzo yanakatwa. Siku moja mtoto wa ghorofa ya nne alimuuliza wazi, mbele ya mama yake, "Wewe ndiye unayetusikiliza?" Mama mtu akamvuta mtoto ndani, akafunga mlango bila kusema samahani.

Naye Mashoto hakukaa bure. Alikuwa na wake wa kumshuku. Kuna fundi wa kampuni nyingine, mafundi humwita Chapchap, aliyeonekana mara mbili kwenye geti la jengo akisema anatafuta wateja.

"Nilikula yamini kwamba ni yeye," anakiri. "Kwa sababu juzi, nyumba ya jirani hapa, nilifungua kisanduku nilichokifunga mwenyewe nikakuta mkono wa mtu mwingine."

Hilo ndilo amekuja kulionyesha leo.

Anaingia, anapiga magoti nyuma ya kochi. "Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Fanya kazi yako."

Kabla ya kugusa chochote, Mashoto anatoa mfukoni kipande cha waya, anamkabidhi Msimamizi akikague, kisha anakichukua tena na kukizungusha mbele ya watu wote bila kufikiri, kama mtu anayekunja mkanda. Duara linaenda kushoto. Anakifungua, anakizungusha tena. Linaenda kushoto.

"Ndivyo nilivyoumbwa," anasema. "Hata nikilala usingizi, mkono utaenda huko. Haya, sasa tuangalie."

Anauondoa mto. Anakiondoa kitambaa, anakikunja vizuri na kukiweka kwenye mkono wa kochi. Bisibisi inazunguka. Kifuniko kinatoka.

Ndani, uzi umezungushwa kwenda kulia. Umekazwa kwa mizunguko midogo, iliyopangana moja juu ya nyingine kwa usafi wa kupendeza, kama uzi wa cherehani kwenye kigurudumu chake.

"Huu si mkono wangu," anasema Mashoto.

Mwenyekiti haridhiki. "Unaweza kuwa umezungusha kinyume makusudi, uje kutufanyia mazingaombwe haya."

"Ningeweza, mzee. Lakini nisingeweza kuuzungusha vizuri hivi. Mimi ni fundi wa haraka, uliza mtu yeyote."

Anatoa kalamu yenye taa nyekundu, kifaa cha kutafutia kasoro, na kuichomeka kwenye kichwa cha kijani. Anamwomba Mke wa Mwenyekiti ateremshe pazia. Chumba kinapoingia giza, mizunguko yote ndani ya kisanduku inawaka wekundu, kila kona ikimwaga mwanga wake.

"Mwanga wenu unaishia hapo," anasema. "Aliyefanya hivi si adui wa intaneti. Ni mtu anayejua nyuzi, na hapendi kitu kilicholegea."

Kisha, mmoja baada ya mwingine, watu waliomo sebuleni wanageuka kukitazama kile kitambaa cha kufuma kwenye mkono wa kochi, na kutoka hapo wanaitazama mikono ya Bibi.

"Mnanitazama nini?" anasema Bibi. "Ndiyo, ni mimi. Ulikuwa umelegealegea humo ndani kama utumbo wa kuku. Nikaukaza."

"Mama!" Mwenyekiti anashika kichwa.

"Usiniite mama kwa sauti hiyo. Na wa jirani nimemkazia pia. Na wa ghorofa ya nne. Waliniomba wenyewe."

Mashoto anakaa chini kabisa, sakafuni, bisibisi mapajani. Anasema baadaye kwamba hakujua acheke au alie, maana siku zote hizo alikuwa akimlaani Chapchap ambaye hana hili wala lile.

"Bibi," anauliza taratibu, "ulikuwa unatafuta nini humo?"

"Sikio."

Na hapo ndipo habari yenyewe inapotoka. Majuma kadhaa yaliyopita Bibi alirudi kutoka hospitali, akaketi kwenye kochi hili hili, akamwambia mwanawe na mkewe kwamba ameambiwa ana uvimbe kifuani na atapasuliwa. Akawaomba wasimwambie mtu, mpaka atakapokuwa tayari yeye mwenyewe. Hakumwambia mwingine yeyote. Siku ya pili yake alishuka kununua sabuni, na Muuza Duka wa chini akamwambia, "Pole, Bibi, kwa uvimbe."

"Nilibaki na sabuni mkononi," anasema Bibi. "Nikapanda ngazi zote hizi nikijiuliza, ni nani? Tulikuwa watatu tu."

Mwenyekiti alimwambia mama yake kwamba labda alisema mwenyewe akasahau, kwamba umri una mambo yake. Bibi hakukubali. Akamtazama mke wa mwanawe. Mke akaapa. Bibi akakumbuka kwamba kitu pekee kipya katika chumba kile kilikuwa hicho kisanduku, kilichofungwa si muda mrefu nyuma ya mahali anapoketi. Akakifungua. Hakuona sikio, akaukaza uzi, akakifunika. Na majirani, waliposikia, nao wakataka vyao vifunguliwe.

Mashoto anaukunjua uzi kwa subira, anausafisha, anauzungusha upya kwa duara pana, kushoto. Wekundu unapotea. Anachomeka kipimo chake, anamwonyesha Msimamizi. Mwanga umerudi wote.

"Basi kwa upande wetu yamekwisha," anasema Msimamizi akijinyoosha. "Fundi hana kosa. Mwenyekiti, naona umeridhika."

"Kuhusu intaneti, nimeridhika." Mwenyekiti anakuna kidevu. "Lakini niambieni. Hiki kisanduku hakina umeme, hakisikii?"

"Hakisikii," anajibu Mashoto.

"Una hakika?"

"Nina hakika, mzee."

Pengine asingejibu upesi hivyo kama angewaza nini kitafuata. Kwa sababu kama kisanduku hakisikii, na Bibi hakusema, na Mwenyekiti hakusema, basi amebaki mtu mmoja. Bibi anageuza uso polepole kuelekea mlango wa jikoni.

Mke wa Mwenyekiti anashusha taulo begani.

"Kwa hiyo tumerudi kwangu," anasema. "Haya. Karibuni."

Msimamizi anaaga kwa haraka ya mtu anayekimbia mvua. Mashoto naye anachukua begi lake. Imebaki kazi ndogo, kukagua kabati la chini, mahali ambapo uzi mkubwa wa jengo unagawanywa kwenda kila nyumba.

Kabati hilo liko ukutani kwenye ghorofa ya chini, kando ya duka. Kutoka hapo bomba la plastiki linapanda ndani ya ngazi hadi juu, na nyuzi za nyumba zote zinapita humo. Mlango wa kabati una vipenyo vya hewa. Chini ya vipenyo hivyo kuna kigoda chenye mto, na juu ya kigoda, mgongo ukigusa kabisa ukuta, ameketi Muuza Duka, mwanamke mchangamfu anayejua kila mtu amerudi saa ngapi.

"Kaka Mashoto! Wamekuachia? Nasikia ni Bibi mwenyewe."

Mashoto anasimama. Kutoka sebule ya ghorofa ya tatu hadi hapa hajapita mtu isipokuwa Msimamizi, ambaye yuko nje kwenye pikipiki yake akiongea na simu.

"Umesikia wapi?"

"Watu wanasema."

"Watu gani?"

Muuza Duka anapata ghafla hamu kubwa ya kupanga viberiti.

Mashoto anafungua kabati. Na kutoka kwenye mdomo wa bomba, wazi kama vile mtu ameketi mle ndani, inatoka sauti ya Mke wa Mwenyekiti: "... mwambie mama yako aseme mbele yako kwamba ni mimi. Aseme! Nimechoka kutazamwa."

Anafunika mdomo wa bomba kwa kiganja. Sauti inakatika. Anakiondoa. Sauti inarudi.

Katika kila nyumba, uzi unatoka kwenye bomba na kupita tundu alilolitoboa ukutani, na kila tundu fundi hulijaza silikoni ili wadudu na vumbi visipite. Ghorofa nyingine zote kimya. Ni tundu moja tu linaloongea, lile la nyuma ya kisanduku, nyuma ya kochi la Bibi.

Anakaa kwenye ngazi ya kwanza.

"Siku ile nilikuwa hapo juu," anasema. "Silikoni ilikuwa mkononi, nimeshakata mdomo wa chupa. Simu ikaita. Ilikuwa shemeji yangu. Hakusema neno, alilia tu, nikajua kaka hayupo tena. Nilishuka nikaenda. Nilirudi kazini baada ya msiba, na katika kichwa changu jengo hili nilikuwa nimelimaliza. Ningeapa. Naiona kabisa silikoni mkononi mwangu. Kumbe nilikuwa nimeishika tu."

Muuza Duka amemsogelea, sauti ameishusha.

"Ziba tu, kaka. Dakika moja. Umeshasafishwa jina, nani atajua?"

"Wewe unajua. Unajua tangu lini?"

"Mimi nilidhani wanaongea ngazini! Mtu akiongea ngazini nifanye nini, nizibe masikio?" Anakitazama kigoda chake, kisha anatazama pembeni. "Wala si mimi peke yangu ninayekaa hapa. Watu wanakuja kupumzika."

Ni nani waliokuja kupumzika, hasemi.

Juu, sauti ya Mke wa Mwenyekiti imegeuka kilio. Mashoto anainuka, anatoka hadi kwenye pikipiki, anagusa bega la Msimamizi.

"Bosi, usiondoke. Lile kosa lipo. Ni langu."

Dakika chache baadaye amesimama tena sebuleni ghorofa ya tatu, safari hii bila kuwaomba watu wakae, kwa kuwa wote wamekwisha kusimama. Anaeleza. Anaingiza mkono nyuma ya kochi na kuwaonyesha tundu, nafasi kando ya waya inayoingia kidole. Hazungumzii msiba. Anasema tu kwamba hakuziba na alipaswa kuziba.

Mwenyekiti anabadilika rangi. "Wewe! Miezi yote hii nyumba yangu inatangazwa kama redio?"

"Ndiyo, mzee."

"Na umetuambia hapa hapa kwamba una hakika!"

"Nilikuwa na hakika na kisanduku."

"Mimi siamini," anasema Bibi, na wote wanamgeukia. "Leo mmeniambia sikio hakuna, sasa lipo. Nataka kusikia mwenyewe. Nitashuka."

"Mama, ngazi zote hizo, na wewe mgonjwa..."

"Uvimbe haupo miguuni. Wewe," anamwelekezea kidole mke wa mwanawe, bila kumtaja, "baki hapa. Nikifika chini, sema kitu."

Inachukua muda. Bibi anashuka ngazi moja moja, mkono mmoja kwenye reli, mwingine kwenye mkono wa Mashoto, akimwambia asimkaze kama mwizi. Chini, Muuza Duka anainuka upesi kutoka kwenye kigoda. Bibi anakiangalia kigoda, anauangalia mto, anamwangalia Muuza Duka kwa muda mrefu kuliko inavyohitajika, kisha anaketi.

Mwanzoni hakuna kitu. Pikipiki inapita nje. Halafu bomba linapumua, na sauti inashuka, ya mtu asiyejua kama anasikilizwa.

"Mama. Umefika salama? Mama, sikumwambia mtu. Hata mama yangu mzazi sikumwambia. Nilikuwa nikiamka usiku kuangalia kama umelala, basi, hilo ndilo nililolificha."

Bibi hasogei. Mikono yake iko mapajani, vidole vinakunja na kukunjua pindo la nguo.

"Kwa hiyo sijachanganyikiwa," anasema.

"Hapana, Bibi," anajibu Mashoto.

"Na yule mtoto hakunisaliti."

"Hapana."

Bibi anauelekeza mdomo wake kwenye kabati na kusema kwa nguvu, kama anayeita mtu ng'ambo ya barabara, "Nimekusikia, mwanangu. Weka maji ya chai, nakuja." Kisha anamgeukia Muuza Duka. "Na wewe nitakuja kwako kununua sabuni. Uwe na majina."

Msimamizi anamwita Mashoto pembeni. Mazungumzo yao ni mafupi. Mashoto mwenyewe anavua kadi shingoni na kumkabidhi. Uamuzi ni kwamba hatafungia nyumba mpya mpaka matundu ya jengo hili yote yakaguliwe, kwa muda wake na silikoni yake, na mpaka Mwenyekiti atamke kwamba ameridhika.

Mwenyekiti, aliyemfuata mama yake hadi chini, bado anahema. "Sijui nikushukuru au nikupige teke," anasema. "Tutaona. Mimi simwamini mtu tena, hata bomba."

"Anaanza na letu," anaamua Bibi. "Na ninakaa pale pale nikimtazama."

Anakaa kweli. Mashoto anajaza tundu huku Bibi akimwinamia, akilalamika kwamba ameweka nyingi, kisha kwamba ameweka kidogo, kisha akiuliza kama marehemu kaka yake naye alikuwa wa kushoto. Haijulikani ni nani alimwambia habari za kaka. Mashoto anajibu kwamba alikuwa wa kulia, na kwamba visanduku vyake vilikuwa vizuri zaidi.

Kadi akirudishiwa au asirudishiwe, ana mpango. Anataka kurudi katika kila jengo alilolifanyia kazi majuma yale ya msiba, kabla na baada. Hakumbuki ni nyumba zipi hasa. Kwa hiyo atagonga milango yote, atawaomba watu waongee ndani wakati yeye anasikiliza nje, na anajua namna ombi hilo litakavyopokelewa.

"Wengine watanifukuza," anasema. "Wengine wataita mlinzi. Mimi mwenyewe ningeita."

Anapangusa vidole, anachukua begi, anavuka kwenda mlango wa pili wa ghorofa hiyo hiyo. Anavua viatu kabla ya kubisha. Ndani, redio inazimwa. Hatua zinakuja hadi mlangoni, zinasimama. Mlango haufunguliwi.

"Nani?"

"Fundi wa faiba."

"Intaneti yetu nzima. Unataka nini?"

"Naomba mwongee humo ndani kidogo, mimi nisikilize kutoka chini."

"Usikilize?" inasema sauti ya nyuma ya mlango. "Unataka kusikia nini kwetu?"

Mashoto anauegemeza mkono wake wa kushoto kwenye mbao za mlango.

"Nataka nisisikie kitu," anasema.